SEHEMU YA 5: Kadi ya harusi ilifika mimba ikiwa na wiki 33

Leo siongelei homa wala uji wa lishe. Naongelea kadi za harusi, na najua kuna mtu ataguna kwamba nesi na kadi za harusi wapi na wapi. Soma kwanza.

Kwetu ni Kabwe, mwambao wa Ziwa Tanganyika, wilaya ya Nkasi. Mdogo wetu wa kiume anaishi Dar es Salaam na mchumba alimpata huko huko, lakini akasema harusi ni nyumbani. Bibi yetu hawezi tena kupanda basi, na yeye hakutaka kuoa huku bibi anaangalia picha kwenye simu. Tukafurahi. Kamati ikakaa kikao cha kwanza mwezi wa Januari, tukachagua Jumamosi ya katikati ya Julai. Hapo mvua zinakuwa zimeisha, barabara ya kuteremka ziwani imekauka, Kwaresma imepita zamani. Mimi nikapewa uweka hazina.

Sasa unajua kamati zetu zinavyokwenda. Kadi ya mchango inatangulia, kadi ya mwaliko inafuata. Unaahidi, unalipa kidogo kidogo, ukimaliza ndiyo unapewa kadi, singo au dabo. Kama harusi ni Sinza na wewe unakaa Sinza, hakuna neno. Hata ukipewa Alhamisi, Jumamosi umevaa. Sisi tukatumia utaratibu ule ule kwa mgeni anayetoka Dar, zaidi ya kilomita 1,100 mpaka Sumbawanga kupitia Iringa, Mbeya na Tunduma, halafu gari lingine mpaka Namanyere, halafu ndiyo ateremke ziwani.

Na tulifanya kosa lingine, hili nalisema kwa aibu. Kwenye kadi ya mchango tuliandika "mwezi Julai" tu. Siku hatukuandika, mahali hatukuandika. Tuliogopa watu wa Dar wakijua ni Kabwe watasema siwezi kufika, na asiyefika hachangi.

Kuna binti wa mama yetu mdogo, anakaa Mbagala. Mama yake alishafariki, kwa hiyo habari za nyumbani anazipata kwa kusikia juu juu. Kila mmoja wetu alidhani mwenzake amemwambia. Aliahidi elfu hamsini, akalipa thelathini. Kwenye daftari langu yeye alikuwa kwenye orodha ya "waliobakiza". Kwa hiyo picha ya kadi ilimfikia wiki mbili kabla ya harusi, baada ya kukamilisha ile elfu ishirini.

Akanipigia. "Dada, mimi nina mimba ya wiki 33, nifanyeje?"

Mama zangu, mimi ni nesi. Wewe ukiniuliza swali hilo nitakuuliza presha, nitakuuliza mimba zilizopita, nitakuuliza kama umewahi kutokwa damu au uchungu kukuanza kabla ya wakati. Siku ile nilikuwa nahesabu masufuria ya kukodi. Nikamjibu, "Ukijisikia vizuri njoo tu." Nikakata simu.

Alipanda basi Jumatano. Miguu ikavimba njiani. Alivuka baridi ya Mbeya na Sumbawanga akiwa na khanga moja (Julai kule juu ni baridi kweli kweli, asikudanganye mtu kwa sababu unakwenda ziwani kwenye joto). Walipoondoka Sumbawanga chupa ikapasuka. Wakamshusha kwenye hospitali iliyo njiani, na kadi ya kliniki ameiacha Mbagala. Kundi la damu, wingi wa damu, VVU, vipimo vyote vikaanza upya, mama yuko kwenye uchungu na hakuna ndugu hata mmoja wa kusema lolote.

Mtoto akazaliwa Ijumaa asubuhi, gramu 1,900. Jumamosi wenzangu walipokuwa kanisani, mimi nilikuwa wodini namfundisha kumbeba mtoto kifuani, ngozi kwa ngozi, ile tunayoita kangaroo. Ndoa ya mdogo wangu niliiona kwenye simu. Bibi aliiona kwa macho.

Mtoto yupo, anakimbia. Ningekuwa naandika kingine kama asingekuwepo.

Nimekuja kupiga hesabu baadaye. Januari tulipopanga tarehe, mimba yake ilikuwa ya wiki tisa. Kama ningemwambia mwezi wa Machi tu, angekuwa na muda wa kuchagua. Angeweza kuja Mei, mimba ya miezi sita, mwili mwepesi, akakaa kwa mama yangu, akahudhuria kliniki huku na kujifungua nyumbani. Au angesema dada siji, nikamtumia kitenge cha sare na yaishe. Tarehe tulikuwa nayo miezi sita, tumeifungia kwenye daftari la michango.

Kwa hiyo wewe uliye kwenye kamati ya harusi ya mbali, tarehe siyo zawadi ya aliyemaliza mchango. Mkishakubaliana tu, tuma meseji: siku, mahali, inachukua siku ngapi kufika. Miezi sita kabla siyo mapema. Kadi nzuri yenye maua itafuata miezi miwili kabla, kwa wote, na madeni mdaiane pembeni. Watu huniambia wageni wakijua mapema watagoma kuchanga. Wapo watakaogoma. Chinja mbuzi badala ya ng'ombe.

Halafu ikibaki kama miezi mitatu, piga simu tena. Hii watu wanairuka. Miezi sita kabla kuna mgeni ambaye mwenyewe hajajua kama ana mimba! Muulize, nani mjamzito, nani ananyonyesha. Meseji ya grupu haitoshi hapo, kuna wanaoona haya kujibu mbele ya mashemeji.

Kuna wanaosema wiki tatu zinatosha kwa sababu hata sheria inasema hivyo. Ni kweli Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inataka taarifa ya nia ya kuoana itolewe angalau siku 21 kabla, na kanisani tunasomewa matangazo Jumapili tatu. Lakini siku hizo ni za mtu mwenye pingamizi. Mwenye mimba hazimsaidii. Kwa majirani wa Kabwe wiki mbili zinatosha sana, wengine hata kadi hawahitaji, wanasikia ngoma.

Na wewe mama uliyealikwa, ukipata tarehe chukua kalenda uhesabu utakuwa na wiki ngapi siku ya kwenda na siku ya kurudi. Kurudi kunasahaulika. Kati ya wiki 14 na 28 ndiyo safari huwa rahisi kwa wengi. Ukishakaribia 36, basi la usiku kucha siyo lako. Uliza kliniki yako kabla hujakata tiketi, siyo dada yako aliye kwenye kamati. Mwenye mtoto mchanga, angalia chanjo za wiki ya 6, 10 na 14, na ile ya miezi 9, upange safari katikati. Ukitoka kwenye baridi kama Sumbawanga kushuka ziwani unaingia kwenye malaria, kwa hiyo chandarua cha mtoto kiwe kwenye begi, usitegemee cha mwenyeji. Kumwogesha ziwani hapana, kichocho kipo. Na kadi ya kliniki ikae kwenye pochi unayoshika mkononi, isiende kwenye buti la basi.

Yule mtoto wa gramu 1,900 mwezi uliopita kapata chanjo ya surua na rubela ya miezi 18. Alilia mpaka foleni nzima ikacheka.

Dada yetu mwingine anaolewa Agosti hii, Kabwe tena. Meseji ya tarehe nimeituma jana usiku, kabla hata kamati haijachagua mweka hazina (siyo mimi). Wa kwanza kujibu alikuwa yeye, wa Mbagala: "Dada, safari hii siyo mimi, ni wifi." Kweli, bibi harusi wa mwaka juzi ana mimba ya miezi saba. Tukahesabu pamoja kwenye simu. Agosti mtoto atakuwa na miezi minne, chanjo ya wiki 14 atakuwa ameshaipata. Wifi kasema anakuja, ila anataka kukaa dirishani.