Brookwood: Stesheni ya Wafu na Wafiwa

Abiria anayeteremka Brookwood, maili 28 kutoka Waterloo jijini London, haoni cha kumshangaza. Ni stesheni ndogo karibu na mji wa Woking, katika jimbo la Surrey. Asubuhi husimama hapo wafanyakazi waendao London, na jioni huteremka hao hao wakiwa wamechoka. Treni za Basingstoke na Alton huwachukua wengine. Lakini upande wa kusini ipo njia itokayo stesheni moja kwa moja hadi makaburini, na makaburi hayo ndiyo asili ya stesheni yenyewe.

Katikati ya karne ya 19, London iliishiwa na mahali pa kuzika. Kipindupindu cha 1848 na 1849 kiliua karibu watu 15,000, na viwanja vya makanisa vilikwisha kufurika. Mwaka 1852 Bunge liliidhinisha kampuni ya mazishi, nayo ikanunua ardhi kubwa huko Surrey. Novemba 1854 makaburi yakafunguliwa. Wafu walipewa stesheni yao karibu na Waterloo, na treni yao. Ndani ya makaburi zilijengwa stesheni mbili: ya kusini kwa Waanglikana, ya kaskazini kwa wasiokuwa Waanglikana. Stesheni inayotumika leo ilifunguliwa Juni 1864. Wafu waliwatangulia walio hai kwa takriban miaka 10.

Maiti haulizwi sanda, lakini katika treni ile aliulizwa daraja. Jeneza la daraja la kwanza lililipiwa pauni 1, la pili shilingi 5, la tatu shilingi 2 na nusu. Tiketi ya jeneza ilikuwa ya kwenda tu; ya mfiwa ilikuwa ya kwenda na kurudi, na katika daraja la tatu iligharimu shilingi 2. Waliozikwa mwanzo kabisa walikuwa pacha wa familia fukara ya Southwark, waliozaliwa wakiwa wamekwisha kufa. Nauli hizo, zilizowekwa kwa sheria, hazikupanda kwa miaka mingi, hata ikasimuliwa kwamba wachezaji wa gofu walijivika nguo za msiba ili wafike viwanjani kwa bei nafuu.

Mwaka 1890 reli ndogo iliunganisha Brookwood na uwanja wa kulenga shabaha wa Bisley, ilifungwa 1952. Treni ya wafu yenyewe ilikoma Aprili 1941, mabomu ya Wajerumani yalipoibomoa stesheni yake ya London. Haikufufuliwa. Kazi ya kuwafikisha wafiwa makaburini ikabaki kwa stesheni ya kawaida.

Huko Brookwood wamelala Waislamu pia. Msikiti wa Woking ulijengwa 1889, na sehemu ya makaburi ikatengwa kwa ajili yao. Abdullah Quilliam alizikwa huko 1932, Marmaduke Pickthall 1936, na Abdullah Yusuf Ali, mzaliwa wa Bombay aliyeifasiri Kurani kwa Kiingereza, 1953.

Kaburi la Yusuf Ali linagusa swali wanalolijua Waswahili wa ughaibuni. Mtu anapofariki Uingereza, kabla hajaoshwa, jamaa hugawanyika. Wazee hutaka arudishwe Unguja au Mombasa, alale karibu na mama yake. Wengine hukumbusha kwamba maiti huharakishwa kuzikwa. Michango hukusanywa, simu hupigwa usiku kucha, na nauli ya jeneza katika ndege, kama ile ya Brookwood, ni ya kwenda tu.

Katika mabishano hayo tiketi ya pili husahaulika kwa urahisi. Watoto wa marehemu, waliozaliwa London au Leicester, watamzuru kwa nauli gani? Aliyepelekwa pwani huenda akapata ndugu wengi wa kumsomea dua, lakini watoto wake wasifike kwake ila mara moja katika miaka 10. Aliyezikwa ugenini huenda akawakosa ndugu, lakini akawapata watoto.

Brookwood haijibu nani ana haki. Kila Jumamosi treni husimama, wachache huteremka na mashada mkononi, hupita ile njia ya kusini, na baada ya saa moja au mbili hurudi kungojea treni ya London.