Tangi la Nani?

Jumatatu, 15 Januari 2024
Dagahaley, mojawapo ya kambi za wakimbizi za Dadaab. Mistari ya tope ya mafuriko ya Novemba bado iko kwenye kuta. Nimelitazama tangi la maji kutoka sokoni: jeupe, juu ya nguzo. Nikimulika hapo picha za zamani ambazo familia zimenikopesha, za tangu kambi ilipofunguliwa 1992, hata aliyejilaza mkekani ataziona. Garissa mjini ningejua pa kuomba kibali. Hapa ardhi ni ya wenyeji, tangi ni la shirika, wakimbizi wako chini ya Idara ya Huduma kwa Wakimbizi, na usiku ni wa polisi.

Alhamisi, 18 Januari
Karani wa ofisi moja: "Ni filamu?" Picha tu, nikasema. "Zinatembea?" Hazitembei, zinabadilishana. Akaandika "sinema". Balaa! Sinema ya hadhara inaangukia Sura ya 222 ya sheria za Kenya, na lazima ipitie kwanza Bodi ya Filamu. Nikamkumbusha FilmAid, shirika lililozaliwa 1999 kwa ajili ya wakimbizi wa Kosovo, ambalo limeonyesha filamu Dadaab jioni kwa skrini ya kwenye lori. "Hao ni shirika. Wewe ni nani?" Sikuwa na jibu lenye muhuri.

Jumanne, 23 Januari
Polisi. Wanaogopa umati gizani, na siwalaumu. Wahudumu wawili wa MSF, Madaktari Wasio na Mipaka, walitekwa Dadaab Oktoba 2011, watu hawajasahau.

Alhamisi, 25 Januari
Mwezi mpevu. Nimejaribu projekta kwenye shuka uani, picha ikafifia kabisa. Nimeomba Ijumaa, 9 Februari, Rajabu ikiishia na usiku ukiwa hauna mwezi.

Jumatano, 31 Januari
Leo wazee. Mmoja alizipitia picha zote polepole, akatoa mbili zenye wanawake ambao jamaa zao hawajaulizwa. Kisha: "Adeer," yaani ami kwa Kisomali, "mwanga ukipita tangi utaangukia wapi?" Ofisi zote nilizopita, hakuna aliyeuliza hilo. Nyuma ya tangi kuna nyumba, na kwa joto hili akina mama hulala nje. Jioni tukaenda na tochi. Yeye akasimama kwenye ua wa miiba, mimi nikamulika, naye akipaza sauti kila mwanga unapomfikia. Tumehamisha projekta upande wa soko, chini zaidi, na picha nitazipunguza ziishie ndani ya tangi.

Mama mmoja akatoa sharti lake: mitungi iliyopangwa foleni ya maji ya alfajiri isisogezwe hata shubiri. Nimekubali. Nitaizungushia kamba.

Jumatatu, 5 Februari
Barua ya kibali imetoka. Ijumaa tarehe 9, baada ya Isha, saa mbili hadi saa tatu na nusu usiku. Bila muziki. Mafuta ya jenereta juu yangu.