Sauti ya Lori

Mwaka 2020, shule zilipofungwa kwa ajili ya maradhi ya korona, nilirudi kijijini kukaa na baba yangu. Baba aliendesha lori baina ya Mombasa na Malaba kwa miaka 30 na zaidi, mpaka presha ya macho ilipompofusha. Nilichukua kompyuta yangu na usukani mdogo wa plastiki, kwa kuwa nilipenda mchezo uitwao Euro Truck Simulator 2, kazi ya mafundi wa SCS Software wa Prague, uliotoka mwaka 2012. Mchezaji hupeleka shehena katika nchi za Ulaya; hununua mafuta, hutozwa faini akipita taa nyekundu, na akichoka hana budi kulala.

Nilicheza usiku kwa siri, maana mwalimu mzima huona haya. Baba akasikia. "Gari gani hilo linalolia kama cherehani?" Nilipomweleza alicheka kwa dharau, akaenda zake kulala. Sikuwa na la kumjibu. Mlio ule ulipanda na kushuka, lakini sikuona kuwa ulijua uzito wa mzigo.

Mwaka huo huo likatoka toleo la 1.37. Mafundi waliondoa mtambo wa zamani wa sauti wakatia mwingine, tena wakafanya vioo vya madirisha viweze kuteremshwa. Nililidhania jambo dogo. Kumbe kioo kikiwa juu, injini hunguruma kwa mbali kama mtu anenaye katika chumba cha pili. Kikishuka, upepo na kishindo cha barabara huingia vyote pamoja.

Jioni moja nilikuwa nikipanda mlima na mzigo mzito. Baba alikuja akipapasa ukuta, akaketi kando yangu, akanyamaza kitambo.

"Punguza gia," akasema. Nikapunguza. "Tena. Unalitesa, mwanangu. Hulisikii?"

Kwa kweli sikulisikia. Tangu siku ile macho yalikuwa yangu na masikio yakawa yake, na lawama yake ilikuwa moja tu, kwamba barabara za Ulaya hazina mashimo, basi dereva atajifunza nini?

Usiku mmoja nilimwekea usukani mikononi. Aliushika kimya, vidole vikitetemeka kidogo.

"Wewe niambie kona tu," akasema. "Na hicho kioo, kiteremshe."