Azimio au Nailoni? Swali la Mkonge na Hesabu ya Tukio

Hapa Chumbageni kesi ya nani aliyeua mkonge haijafungwa hadi leo. Wastaafu wa mashamba, wa reli na wa bandari wanaokutana barazani baada ya sala ya Alasiri wamegawanyika pande mbili. Upande mmoja husema Azimio la Arusha ndilo lililoimaliza Tanga. Upande wa pili hujibu kwamba wanunuzi wa Ulaya na Marekani walipata kamba za nailoni, wakatupa mgongo. Mimi hufundisha takwimu, na mbele ya wazee wale ni mtoto tu. Wanaponiuliza, "Haya daktari, mwanangu, vitabu vyenu vinasemaje?", jibu langu huziudhi pande zote mbili. Naona lafaa kuelezwa kwa kirefu, maana swali lenyewe si la wazee peke yao.

Hoja ya upande wa kwanza ni rahisi kuielewa. Mwaka 1964 nchi yetu ilizalisha takribani tani 230,000 za mkonge na kuongoza duniani. Mwishoni mwa miaka ya 1990 zilibaki kama tani 20,000. Katikati ya tarakimu hizo limesimama Azimio la tarehe 5 Februari 1967, na Oktoba ya mwaka huohuo Serikali ikatwaa mashamba mengi. Kabla ya tukio tulikuwa juu, baada ya tukio tukawa chini. Basi tukio ndilo mkosaji.

Hoja ya namna hii, ya "kabla na baada", ndiyo inayotawala siasa zetu. Tunaisikia majukwaani, tunaisoma katika taarifa za utekelezaji, na wanafunzi wangu huileta katika tasnifu zao. Kasoro yake ni moja: haiulizi mambo yangekwendaje kama tukio lisingetokea.

Wanauchumi wana mbinu ya kulikabili swali hilo, nayo ni uchambuzi wa tukio. Mwaka 1969 Fama, Fisher, Jensen na Roll walichapisha utafiti juu ya kampuni zilizogawa hisa zao katika soko la New York, matukio 940 kwa jumla. Hawakuuliza tu kama bei ilipanda. Kwa kutumia rigresheni walikadiria kwanza jinsi kila hisa inavyofuatana na mwenendo wa soko zima. Kisha wakatoa makadirio hayo katika bei halisi. Kilichobaki, yaani masalio, ndicho walichokichunguza mwezi kwa mwezi, kabla na baada ya tukio. Wakakuta kwamba masalio yalikuwa yakipanda kwa miezi mingi kabla ya mgawo, na baada yake, kwa wastani, hayakuongezeka tena. Mtu aliyelinganisha bei ya zamani na bei ya sasa angeusifu mgawo kwa kazi ambayo haukuifanya.

Tuurudie mkonge kwa jicho hilo. Jambo la kwanza ni mwelekeo wa kabla ya tukio. Bei ya mkonge katika soko la dunia ilianza kuporomoka baada ya 1964, kamba za plastiki zilipoingia katika mashamba ya nafaka ya nchi tajiri. Mishahara ya vibarua nayo ilikuwa imepanda tangu uhuru. Azimio lililikuta gari tayari liko kwenye mteremko. Rigresheni isiyoweka kigezo cha mteremko huo italibebesha Azimio mzigo wa miaka mitatu iliyolitangulia. Hapa wazee wa nailoni hutabasamu.

Jambo la pili ni tabia ya mmea wenyewe. Mkonge haukatwi mwaka unaopandwa. Husubiriwa miaka miwili hadi mitatu hivi, kisha huvunwa mpaka uchanue mlingoti na kufa, ukiwa na umri wa kama miaka kumi. Mwenye shamba aliyekata tamaa mwaka 1965 na kuacha kupanda upya aliendelea kuvuna, na pengo lake likaonekana mwanzoni mwa miaka ya 1970. Kwa hiyo dirisha la kulitazama tukio lazima liwe pana. Lakini kila unapolipanua, matukio mengine huingia bila hodi: kupanda kwa bei ya mafuta tangu Oktoba 1973, operesheni ya vijiji, kuvunjika kwa Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 1977, vita vya Kagera. Soko la hisa hujibu kwa siku chache. Shamba hujibu kwa muongo mzima.

Jambo la tatu ni kumtafuta jirani wa kulinganisha naye. Kama nailoni ndiyo sababu pekee, basi nchi zote za mkonge zingeumia kwa kiasi kinachofanana. Mafuta yalipopanda bei, plastiki nayo ikapanda, na mwaka 1974 bei ya mkonge ikaruka. Kenya, yenye udongo, mvua na mmea wa kulinganishwa na wetu, iliongeza uzalishaji kwa muda. Brazil ilikuwa imekwisha kutupita. Sisi tuliendelea kushuka. Tofauti ya mwendo kati yetu na jirani aliyekabiliwa na bei ileile haiwezi kuelezwa kwa bei hiyo. Sehemu ya maelezo ipo nyumbani: upandaji, mitambo, usimamizi, vibarua. Hapa wazee wa Azimio nao hutabasamu, na wenzao hununa.

Basi jibu langu ni hili: nailoni ilianzisha anguko, na sisi wenyewe tukalirefusha. Kiasi cha kila mmoja sikitaji kwa asilimia, na sababu si unyenyekevu wa mwanazuoni. Wale wa mwaka 1969 walikuwa na matukio 940, hivyo bahati njema na bahati mbaya za kampuni mojamoja zilifutana katika wastani. Sisi tuna Azimio moja, nchi moja na majirani wawili watatu. Kompyuta itatoa namba yenye desimali nne kwa yeyote atakayeiomba, lakini desimali hizo hazigeuzi tukio moja kuwa mengi. Njia ya kutoka hapo ni kushuka ngazi moja, kutoka taifa hadi shamba. Mashamba yaliyotwaliwa na yaliyoachwa kwa wenyewe yalikuwa mengi, nayo yangeweza kulinganishwa mwaka kwa mwaka, mradi kumbukumbu za kila shamba zikusanywe mahali pamoja.

Kwa nini tujisumbue leo? Kwa sababu Serikali imeutangaza mkonge kuwa zao la kimkakati na iliweka lengo la tani 120,000 ifikapo mwaka 2025. Uzalishaji ukipanda, atatokea wa kusema, "Tangu tutangaze, tani zimeongezeka." Ukishuka, atatokea wa kusema kwamba mpango wote ulikuwa bure. Wote wawili watakuwa wanarudia hoja ya barazani, isipokuwa hawa watakuwa na bajeti mkononi. Na anayekosea kumtambua aliyeua mkonge atakosea pia namna ya kuufufua: atajenga kiwanda mahali ambapo upungufu ni wa miche, au atagawa miche wakati tatizo ni bei.

Ndugu zangu watumishi wa umma, rigresheni haihitaji mashine ya ajabu. Inahitaji daftari. Kila shamba na kila mkulima mdogo: hekta zilizopandwa upya, mwaka wa kupanda, tani zilizouzwa, bei iliyolipwa, mvua iliyonyesha. Miaka ya kabla ya kutangazwa mpango iandikwe kwa uangalifu uleule, na wasiofikiwa na mpango waandikwe pamoja na waliofikiwa. Kila uamuzi uwekewe tarehe ya kutangazwa na tarehe ya kutekelezwa, maana hizo ni mbili, kama Februari na Oktoba za mwaka 1967. Na ninyi wanafunzi mnaotafuta mada ya tasnifu, Bodi ya Mkonge ina makao yake hapahapa Tanga. Nendeni mkaulize daftari hizo zinatunzwaje, kabla ya kuuliza mpango umeleta tani ngapi.