Alichekesha Dar Nzima kwa Stori ya Mshikaji Wake, Kasoro Kitu Kimoja: Stori Haikuwa ya Kweli

Kuna ukimya ambao wachekeshaji wa stand-up wanauogopa kuliko kuzomewa. Ukizomewa, angalau watu wamekusikia. Ukimya ni pale umeshamaliza panchi yako, umeacha nafasi ya kicheko, halafu kinachosikika ni feni ya ukumbini na mhudumu anafungua soda. Huyu jamaa alikutana nao usiku wake wa kwanza kwenye ukumbi mdogo Kinondoni. Alipewa dakika tano, akazimaliza kwa dakika tatu, maana hapakuwa na kicheko cha kusubiri. Akashuka, akapanda bodaboda, akarudi Mbagala bila kuaga mtu.

Leo ukilitaja jina lake kwa vijana wa mjini wanaanza kucheka kabla hujamaliza. Lakini jina liachwe kando kwanza, kwa sababu stori hii ina mtu wa pili, na huyo hakuomba kujulikana.

Jamaa alianzia kwenye muziki. Yeye na mshikaji wake walitoka kwaya moja ya vijana, na katikati ya miaka ya 2000, Bongo Fleva ilipokuwa imeshika kila kona, wakaunda kundi la watu wawili. Enzi zile kila kijana mwenye daftari la mistari alijiona yuko wimbo mmoja tu kabla ya kutoboa. Jamaa alirapu, mshikaji aliimba kiitikio. Mmoja aliuza vocha, mwingine maji baridi kituo cha daladala, mpaka ikapatikana hela ya kuingia studio. Wimbo ukarekodiwa, ukachomwa kwenye CD, ukapelekwa redioni. Wiki zikapita wanalala redio ikiwa wazi. Haukupigwa hata siku moja.

Wakati huo ndiyo Ze Comedy ilikuwa inarushwa EATV, na ikifika saa yake mtaa mzima unahamia nyumba yenye TV. Jamaa akaona njia nyingine. Akajiunga na kundi la maigizo Temeke, mazoezi kila jioni, posho hakuna. Kwenye Bongo Movie alicheza mlinzi wa geti, houseboy, na mwizi anayepigwa na wananchi. Jumla filamu sita, na kwenye mbili tu ndiyo aliongea. Alichoondoka nacho ni somo la mzee mmoja wa kundi lile: ukiwa jukwaani usisubiri zamu yako ya kuongea, msikilize mwenzako.

Aprili 7, 2012 Steven Kanumba akafariki. Jamaa alikuwa kwenye umati uliofurika Leaders Club kumuaga. Baada ya pale soko la filamu za DVD likazidi kunyong'onyea. Nakala feki zilikuwa zimeshalitafuna, na watu walianza kuhamia kwenye simu. Simu za madairekta zikaacha kuita. Jamaa akageuka MC wa send-off na kitchen party, kazi iliyomlipa kuliko sanaa zote mbili, huku moyoni akijihesabu ni mtu aliyefeli mara mbili.

Ndiyo maana ule usiku wa Kinondoni ulimuuma. Majukwaa ya stand-up kama Cheka Tu yalikuwa yameshaanza kujaza kumbi za Dar, Kenya tayari Churchill Show ilikuwa imetoa majina makubwa, na yeye alishajiambia hii ndiyo nafasi ya mwisho.

Kilichomrudisha ni simu. Alikuwa amejirekodi, na siku tatu baadaye akapata ujasiri wa kusikiliza. Akagundua watu walitaka kucheka mara mbili, tena vizuri tu, ila kila walipoanza yeye alishaingia mstari unaofuata. Alikuwa anarapu bila biti! Mtu aliyekaa miaka anahesabu moja mbili tatu nne kabla ya kuingia alikuwa amesahau kuhesabu. Akaanza upya. Akaweka kimya pale ambapo kwenye wimbo angeweka ngoma. Akaacha kueleza watu na kuanza kuwaigiza: mwenyekiti wa kamati ya harusi anayeficha bia, dairekta anayemwambia mwizi alie kwa hisia. Muziki ukampa mapigo, uigizaji ukampa sura za watu. Kumbe hakuwa amefeli mara mbili. Alikuwa anasomea kazi moja kwa njia ndefu.

Tena si yeye tu. Jamie Foxx alipiga piano tangu utotoni na akausomea muziki chuoni kabla ya kupanda jukwaa la vichekesho mwaka 1989. Tuzo ya Oscar aliyoichukua mwaka 2005 aliipata kwa kuigiza kama mwanamuziki, Ray Charles.

Halafu ikaja ile stori ya studio.

Wengi mmeiona ile klipu. Jamaa anasimulia walivyoingia studio, mshikaji wake anaimba kiitikio, prodyuza anasimamisha mashine na kuuliza, "Nani kaingiza mbuzi humu?" Ukumbi unavunjika. Anasubiri. Anahesabu. Kisha anashusha: "Siku hizi anauza chipsi. Na ninawaambia, mafuta yakichemka yanaimba vizuri kuliko yeye." Klipu ikatrendi. Wafuasi wakapanda, matangazo yakaja, na kampuni moja ikataka kudhamini shoo yake mwenyewe kwa sharti moja: ile stori ya mbuzi iwemo.

Kitu ambacho klipu haikuonyesha ni kwamba mshikaji yupo kweli, na kibanda cha chipsi kipo kweli, palepale Mbagala. Watu wa mtaa walijua ni nani. Kwanza ilikuwa utani. Wateja wanaagiza zege, wanaomba na kiitikio. Mshikaji anacheka, anageuza mayai. Kisha wakaanza kuja vijana wasio wateja, simu mkononi, wanalia kama mbuzi mbele ya kibanda na kuondoka. Kisha ikafika shuleni. Binti yake wa darasa la sita akaanza kuitwa mtoto wa mbuzi.

Mshikaji hakupiga simu. Aliyepiga ni mke wake. "Shem," alisema, "mimi sikufundishi kazi yako. Ila mtoto hataki kwenda shule."

Jamaa alikwenda usiku, saa nne, wateja walipopungua. Akaagiza chipsi mayai kama mteja, akakaa kwenye benchi. Alikuwa ameandaa maneno: kwamba ni vichekesho tu, kwamba hakutaja jina, kwamba angempa asilimia fulani ya hela za shoo. Mshikaji akamwekea sahani, akamwekea na kachumbari bila kuulizwa, kama zamani.

"Mwanangu, kunitaja siyo shida," akasema. "Mimi nauza chipsi, siyo siri, zimenijengea vyumba viwili. Lakini wewe unajua siku ile aliyelia ni nani."

Jamaa hakujibu. Alijua.

Siku ile studio kiitikio kilikuwa kimekaa vizuri kabisa. Mshikaji ndiye aliyekuwa anaongoza sauti ya kwanza kwaya nzima. Ni jamaa aliyeng'ang'ania na yeye aingize sauti ya juu nyuma yake. Prodyuza aliposimamisha mashine na kuuliza mbuzi ni nani, muda wa studio ulikuwa unaisha na hela ya kuongeza hawakuwa nayo. Mshikaji akanyoosha mkono. Akasema, "Ni mimi bro, samahani, turudie." Alijua mwenzake akitajwa pale, atashindwa hata kurapu.

Miaka yote hiyo jamaa alikuwa ameutunza ule mkono ulionyooshwa kama ushahidi. Alipopanda jukwaani akautumia.

Hapa ndipo penye ugumu wa stand-up. Kwenye filamu, mtu akikucheka anamcheka mlinzi wa geti. Kwenye wimbo unaweza kujificha nyuma ya biti. Kwenye stand-up umebaki na maiki na watu halisi uliowabeba mdomoni bila kuwaomba ruhusa. Mama yako, ex wako, jirani yako. Hao hawana maiki ya kujibu. Watazamaji wanakuruhusu uongeze chumvi, hiyo ndiyo kazi, na kuna stori ambazo zisingekwenda bila chumvi. Ila kuongeza chumvi ni kitu kimoja, kumhamishia mwenzako aibu yako ni kingine.

Wiki mbili kabla ya shoo jamaa akawaambia wadhamini stori ya mbuzi itakuwepo, ila si ile waliyoizoea. Walinung'unika. Aliogopa pia, maana stori iliyokwisha kuchekesha watu wengi hivyo huigusi hovyo. Akaipeleka kwanza kwenye kumbi ndogo, dakika tano tano, kama anaanza upya.

Usiku wa shoo alitenga viti vitatu mbele. Shemeji akaja na binti. Cha baba kikabaki kitupu: Ijumaa mauzo yanachangamka, alisema, nani atasimamia jiko?

Jamaa akaanza kama kawaida, studio, kiitikio, prodyuza anasimamisha mashine. Watu wakaanza kucheka kabla, wanaijua. Akawasubiri wamalize. "Prodyuza akauliza, nani kaingiza mbuzi humu? Mshikaji wangu akanyoosha mkono." Kimya kidogo. "Mbuzi mwenyewe nimekaa pembeni, kimyaaa, kama najua Idi imekaribia."

Wanasema kicheko kile kilikuwa kirefu kuliko vyote vya usiku ule. Binti alicheka mpaka akaegemea mkono wa mama yake.

Haikufuta kila kitu. Klipu ya zamani bado inazunguka kwenye magrupu, na ile mpya haijafika hata nusu ya watazamaji wake. Jamaa aliifuta ya kwanza kwenye ukurasa wake, lakini ya mtandaoni ukishaiachia siyo yako tena. Mara mojamoja bado kuna kijana anapita kibandani analia mbuzi. Binti sasa ana jibu: "Mbuzi yuko jukwaani, nenda kalipe kiingilio."

Na mshikaji? Shemeji alimrekodia ile sehemu kwa simu. Akaisikiliza akiwa anamenya viazi vya kesho yake. Usiku wa manane jamaa akapokea ujumbe mfupi: "Usijishushe sana kaka. Siku ile hukuimba vibaya kiviiile."

Baada ya dakika moja ukaingia wa pili.

"Ila ulikuwa mbuzi kweli."