Mutu wa jicho moja juu ya barafu

Sisi tunaoandika ni wanafunzi wa mwaka wa tano, wale wa chumba cha mwisho cha internat. Mara hii hatutaongea juu ya mupira wa miguu. Tutaongea juu ya muchezo ambao hakuna hata mumoja wetu ameuona: hoki ya barafu. Musicheke kwanza. Barafu tunayoijua sisi ni ile ya frigo ya dispanseri, na ile inayoonekana juu ya Ruwenzori asubuhi kama mawingu yameondoka. Wenzetu waliozaliwa upande wa Beni wanaijua. Lakini kucheza juu yake, hapana.

Mwalimu wetu wa Kiingereza alitusomea maisha ya Willie O'Ree, na tangu ile siku tunabishana. Tulibishana kwenye meza, tulibishana kwenye njia ya kuchota maji, na usiku mara mbili tulizimiwa taa sababu ya makelele.

Muchezo wenyewe ni hivi. Kila upande watu sita, mulinda goli ndani yao. Wanavaa viatu vyenye chuma chembamba chini kama kisu, kila mutu na fimbo yake, na wanafukuzia kipande cha kauchu kigumu, bapa kama kifuniko cha kopo, uzito gramu 170 hivi. Mutu wa nguvu akikipiga kinaweza kupita kilometa 150 kwa saa. Kamyo ya barabara yetu haifiki hata nusu ya ile mbio, na kama ingefika tungeogopa kupanda. Wanacheza mara tatu dakika 20. Mutu anaingia, anakimbia dakika moja hivi au chini yake, anatoka kuvuta pumzi, mwingine anaingia. Na zamani zile wengi wao hawakuvaa kofia ngumu wala kitu cha kufunika uso.

Willie O'Ree alizaliwa mwaka 1935 kule Fredericton, muji wa mashariki ya Canada. Familia za watu weusi zilikuwa chache sana mule. Wakati wa baridi maji yanaganda, na watoto wa kule wanacheza hoki namna watoto wetu wanapiga mupira wa majani ya ndizi, kila fasi, mpaka mama anaita. Yeye alipenda hii kazi tangu udogo.

Katika musimu wa 1955-56 alikuwa anachezea ekipe ya vijana ya Kitchener, katika Ontario. Kile kipande cha kauchu kiligusa fimbo ya mutu, kikageuka, kikamupiga kwenye jicho la kuume. Pua ilivunjika, na jicho lile likapoteza karibu mwangaza wake wote: wanasema 95 kwa mia. Munganga akamwambia hatacheza tena. Alikuwa kijana wa miaka kama 20, na hakuwa na kazi nyingine aliyoitaka moyoni. Hakukawia sana, akarudi kwenye barafu. Ligi kubwa ilikuwa na sheria ya kukataza mutu asiyeona na jicho moja. Basi akanyamaza. Watu wachache tu wa karibu ndio walijua.

Tarehe 18 mwezi wa kwanza 1958 ekipe ya Boston ilimwita kwenda kucheza Montréal. Boston ilishinda 3 kwa 0. Usiku ule alikuwa mutu mweusi wa kwanza kucheza katika ligi kubwa, ile wanaita NHL. Zamani zile ligi ilikuwa na ekipe sita tu kwa Canada na Marekani pamoja, na nafasi zilikuwa chache kuliko nafasi za chuo kikuu. Alicheza mara mbili, akarudishwa chini. Katika musimu wa 1960-61 akaitwa tena, akacheza mara 43, akafunga magoli 4 na kuwapa wenzake mipira 10 iliyozaa magoli. Goli lake la kwanza lilikuja siku ya mwaka mupya 1961, juu ya Montréal.

Mutaona kwamba magoli 4 ni machache. Sisi pia tuliona hivyo, mpaka mwenzetu mumoja alisimama katikati ya vitanda na fagio mukononi akatuonyesha. Willie alikuwa anacheza upande wa kushoto. Ukiwa kushoto, wenzako wote wako kuume kwako, na kauchu inatoka kuume. Na jicho la kuume ndilo limekufa! Basi kila mara alipaswa kugeuza kichwa chote, mpaka jicho la kushoto liangalie nyuma ya bega la kuume, huku akikimbia, huku watu wanakuja kumugonga. Jaribuni ninyi wenyewe: fungeni jicho la kuume, kimbieni, mwambieni rafiki awatupie ndimu toka upande ule. Sisi tulijaribu. Ndimu nyingi zilianguka, moja ilipiga mutu kwenye sikio.

Juu ya hayo kulikuwa matusi. Yeye mwenyewe ameeleza kwamba ubaya zaidi aliusikia katika miji ya Marekani. Kule Chicago muchezaji mumoja alimusukuma fimbo kwenye uso, meno mawili yakatoka na pua ikavunjika tena.

Halafu Boston ikamuuza Montréal, na Montréal ikamuweka kwenye ekipe yake ya chini, Hull-Ottawa. Mwisho wa 1961 akauzwa tena mpaka Los Angeles, muji wa jua, fasi ambapo barafu inatengenezwa na mashini. Wachezaji wanauzwa, ndugu zetu, kama mbuzi wa soko, na wanapewa tikiti ya treni. Lakini ni kule Los Angeles mufundisha wao alimuhamisha toka kushoto mpaka kuume. Kitu kidogo tu! Sasa wenzake walikuwa upande wa jicho zima. Magoli yakaanza kuja, magoli 30 na zaidi kwa musimu, na mara mbili akatoka wa kwanza katika kufunga kwa ligi ile ya magharibi. Toka pale akaenda San Diego. Musimu wake wa mwisho ulikuwa wa 1978-79, akiwa na miaka 43.

Vitabu vinasema juu ya ile michezo 45 ya ligi kubwa. Sisi tulipiga hesabu: hata kama hakutoka kwenye barafu hata dakika moja, ni saa 45, chini ya siku mbili. Kwa mawazo yetu kazi ya maisha yake ilikuwa zaidi katika ile miaka mingi ya Los Angeles na San Diego, ambapo magazeti makubwa hayakumutazama. Wengine kati yetu wanakataa hivi, wanasema bila zile saa 45 hata mwalimu hangetusomea. Ni kweli pia.

Mutu mweusi mwingine hakuingia ligi kubwa mpaka mwaka 1974. Leo wako wengi kidogo, na mumoja jina lake lilitufanya turuke: Bokondji Imama. Alizaliwa Montréal mwaka 1996, wazazi wake walitoka kwetu Congo. Mwaka 2015 alichaguliwa, wa 180 katika orodha, na akangoja katika ekipe za chini mpaka mwezi wa nne 2022 ndipo akakanyaga barafu ya ligi kubwa. Miaka saba! Na mwezi wa kwanza wa mwaka ule ule muchezaji mumoja alimufanyia kitendo cha kumulinganisha na nyama wa pori, akafungiwa michezo 30. Mwezi ule ule pia Boston iliinua namba 22 ya Willie O'Ree juu ya uwanja, isivaliwe na mutu mwingine. Mambo mawili, mwezi mumoja.

Sasa mabishano yetu. Je, Willie alidanganya? Kundi moja linasema ndiyo, sheria ilikuwako na yeye aliijua. Kundi la pili linasema hakuna mutu alimupima macho, na asiyeulizwa hakusema uongo. Mwenzetu mumoja, ambaye kwa kawaida ni wa kwanza kubisha, siku zile hakusema neno. Kisha usiku akatuambia: sikio lake la kuume halisikii, tangu ugonjwa wa utoto. Ndiyo maana katika kila kalasi anakaa pembeni ukutani, upande wa kuume, na sisi tulifikiri anapenda kusinzia. Anataka kuwa mwalimu, na alisikia watu wakisema mutu wa namna ile hatakubaliwa. Ametupa ruhusa ya kuandika, bila jina na bila kalasi.

Toka pale hatubishani kwa sauti kubwa. Wale waliosema Willie ni mwongo hawajabadilisha maneno yao, lakini mumoja wao ndiye anamuandikia dikte kama mwalimu anatembea akisoma upande mubaya. Wengine wanasema aende kwa Prefe aeleze, kwa sababu mufundisha wa Los Angeles alimusaidia Willie kwa kumuhamisha tu. Yeye anasema atafikiri kisha ekzameni ya Leta.

Na katika mupira wa miguu yeye anacheza kuume, karibu na mustari, watu wote kushoto kwake. Kumbe alichagua mwenyewe, zamani, kabla ya sisi wote kusikia jina la Willie O'Ree.