Gemu Zilipopotea, Tulimshuku Mtoto

Ukimsikia mama akisema kwamba gemu za watoto hazimhusu, usimlaumu. Hata sisi, baba na mama wa nyumba hii, tulisema hivyo kwa miaka mingi. Tulidhani kazi yetu ni kuweka saa za kucheza, kukataza zile zenye damu na matusi, na kuzima kila kitu wakati wa sala. Mengine tuliwaachia watoto wenyewe. Hatukujua kwamba uzembe huo ungetufanya siku moja tumhukumu mtoto asiye na kosa. Tunaandika haya kwa aibu kidogo, tukitumaini yatamfaa mama mwingine.

Mwaka 2021 kijana wetu wa pili alikuwa na miaka 12. Alikuwa na kuku wake wanane nyuma ya jiko, na mayai aliwauzia majirani. Baada ya kutoa fungu la kumi na kuweka akiba ya daftari za shule, alimletea baba yake fedha zilizobaki akamwomba amnunulie gemu mbili za kompyuta, moja ya mpira na nyingine ya kujenga mji. Tulifurahi kuona mtoto anatumia jasho lake badala ya kuomba. Wakazinunua pamoja kwenye Steam, duka la gemu la intaneti lililoanza mwaka 2003. Humo hakuna sidi wala boksi la kuletewa. Unalipa kwa kadi, gemu inapakuliwa, mambo yamekwisha. Baba alifungua akaunti jioni ile ile, akaandika anwani ya barua pepe aliyokuwa nayo siku hizo. Hakuna aliyeandika mahali popote jina la akaunti wala neno la siri. Kompyuta ilikumbuka yenyewe, nasi tukasahau.

Mwishoni mwa mwaka 2023 diski ya kompyuta ile iliharibika. Fundi aliweka nyingine mpya, na kompyuta iliporudi nyumbani ilikuwa tupu kama sahani iliyotoka kuoshwa. Kijana akapakua tena programu ya Steam. Ilipomwuliza jina la akaunti hakulijua, basi akafungua akaunti mpya kwa anwani yake mwenyewe. Akaingia. Maktaba ya gemu ilikuwa haina kitu.

"Gemu zako ziko wapi?" tukamwuliza.

"Sijui, Mama. Zilikuwamo humu."

Wiki ile ile mzazi mwenzetu mmoja alikuwa ametusimulia jinsi vijana wanavyouziana akaunti za gemu shuleni. Na kijana wetu alikuwa na viatu vipya vya mpira, ambavyo alisema amepewa na binamu yake. Tukayaunganisha mambo hayo mawili kichwani mwetu, tukapata kesi kamili. Baba alimwuliza mara tatu. Mara tatu alijibu lile lile, kisha akanyamaza. Ukimya wake tukaufanya ushahidi. Tukamnyima kwenda kwa bibi yake likizo ya Desemba, safari aliyoingoja mwaka mzima. Tena jioni moja, mbele ya wadogo zake, tulimtaka atubu katika sala ya nyumbani. Aliinamisha kichwa, wala hakusema neno. Hilo ndilo linalotuuma mpaka leo.

MGONJWA MWENYE FAILI MBILI

Mwezi wa Februari baba alikuwa anatafuta risiti ya zamani ya ada. Akafungua ile anwani ya barua pepe aliyokuwa ameacha kuitumia. Katika kupekua alikuta risiti mbili za Steam za mwaka 2021, na ndani yake limeandikwa jina la akaunti. Aliomba neno la siri jipya, likaja kwenye anwani ile ile. Tukamwita kijana, tukakaa watatu mbele ya kompyuta. Gemu zote mbili zilikuwa kwenye maktaba, zimetulia. Hata mji aliokuwa ameujenga ulikuwapo, maana gemu ile huweka nakala ya mahali mchezaji alipofikia kwenye mtandao.

Mmoja wetu ni muuguzi, na jambo hili lilipaswa kumzindua mapema. Mara ngapi tumepokea mgonjwa aliyepoteza kadi yake, akafunguliwa faili jipya? Ukilisoma faili hilo unaona mtu asiye na historia. Hana shinikizo la damu, hana mzio wa dawa, hajawahi kulazwa. Kumbe yote yamo kwenye faili la zamani, na muuguzi mwenye haraka anaweza kumdhuru kwa kutokuuliza. Mtoto wetu alikuwa amefungua faili jipya. Sisi tulilisoma, tukasema lile la zamani ameliuza.

Tulimwomba radhi usiku ule, tena mbele ya wadogo zake, kwa kuwa tuhuma tuliitoa mbele yao. Tulimpigia binamu yake pia, akathibitisha kwamba viatu vilikuwa vyake na vilimbana. Kijana alisema, "Sawa, Mama." Kisha baada ya kimya kirefu akaongeza, "Mngeniuliza zilinunuliwa kwa jina la nani, ningewaambia ni la Baba." Hatukuwa na jibu. Likizo iliyofuata alikwenda kwa bibi yake, lakini Desemba ile haikurudi.

TULIYOJIFUNZA

Tangu hapo tumejifunza mambo haya polepole, mengi kwa kufundishwa na huyo huyo kijana.

Jambo la kwanza ni kwamba gemu iliyonunuliwa kwa intaneti haikai kwenye kifaa. Inakaa kwenye akaunti. Ukiifuta kwenye simu au kompyuta ili kupata nafasi, hujaipoteza. Ukiingia kwa akaunti ile ile unaipakua tena bila kulipa, maadamu duka bado linaitoa. Lakini ukiingia kwa akaunti nyingine, hata kama kifaa ni kile kile, hutaiona. Kwa hiyo gemu ikipotea, swali la kwanza liwe, "Tuliinunua kwa akaunti ipi?"

Jibu la swali hilo liko kwenye risiti. Tafuta katika kila anwani ya barua pepe iliyowahi kutumika nyumbani, ya baba, ya mama, hata ya mjomba aliyewaletea zawadi. Andika jina la duka mahali pa kutafutia. Ukikosa, tazama taarifa ya kadi au benki uone tarehe ya malipo, halafu rudi kwenye barua za siku hiyo.

Kwenye simu za Android, mara nyingi kuna akaunti mbili za Google au zaidi katika simu moja. Fungua Google Play, gusa ile picha ndogo ya mwenye akaunti juu ya ukurasa, nawe utaweza kubadilisha akaunti moja baada ya nyingine. Katika sehemu ya malipo utaona historia ya vyote vilivyonunuliwa. Kwenye PlayStation ingia maktaba ya gemu, utafute orodha ya zilizonunuliwa. Humo zinaonekana hata zile ambazo hazijapakuliwa.

Fahamu pia kwamba kila duka lina mlango wake. Gemu uliyonunua kwa ajili ya PlayStation kwa kawaida haitakubali kuchezwa kwenye kompyuta, hata kama jina ni lile lile. Na akaunti ya PlayStation ina nchi yake. Kadi ya fedha iliyonunuliwa Uingereza haiingii kwenye akaunti iliyofunguliwa kama ya Marekani. Ndugu wa ng'ambo akitaka kumtumia mtoto zawadi ya namna hiyo, mwulizeni kwanza akaunti ni ya nchi gani, fedha zisipotee bure.

Maendeleo ya mtoto katika mchezo ni kitu kingine mbali na gemu yenyewe. Gemu inaweza kurudi, lakini zile ngazi alizopanda kwa miezi zisirudi. Gemu nyingi za Steam huweka nakala kwenye mtandao bila malipo, ila si zote. Kwenye PlayStation huduma ya kuweka nakala mtandaoni huendana na malipo ya PlayStation Plus. Kabla ya kupeleka mashine kwa fundi au kuiuza, hakikisheni nakala ipo, kisha toeni akaunti yenu humo. Mtu asiuziwe simu yenye jina lako na kadi yako.

Tukumbuke na namba ya simu. Maduka mengi hutuma tarakimu za uthibitisho kwa simu unapoingia kwenye kifaa kipya. Laini isiyotumika kwa muda mrefu huweza kufungwa, na namba ikapewa mtu mwingine. Ukibadilisha namba, ibadilishe na kwenye akaunti.

Watoto wakiwa wengi, si lazima kila mmoja anunuliwe yake. Google inaruhusu familia ya watu hadi 6 kushirikiana programu na gemu nyingi zilizonunuliwa, lakini sarafu na silaha zinazonunuliwa ndani ya mchezo hazishirikishwi. Steam nayo tangu mwaka 2024 ina mpango wa familia wa watu hadi 6 wa nyumba moja, ingawa wawili hawawezi kucheza nakala moja kwa wakati mmoja. Mpango wa namna hii humpa mzazi nafasi ya kuidhinisha ununuzi wa mtoto. Na kama mmenunua kwa makosa, wahini. Steam hurudisha fedha ukiomba ndani ya siku 14 kabla gemu haijachezwa saa 2.

Kuhusu kuuza akaunti, tuwaambie vijana waziwazi. Masharti ya Steam hayaruhusu akaunti kuuzwa wala kuhamishiwa mtu mwingine. Anayenunua akaunti ya mwenzake ananunua kitu ambacho muuzaji hana haki ya kukiuza.

KITU GANI TULINUNUA?

Liko jambo moja lililotushangaza kuliko yote. Tulidhani tumenunua gemu kama mtu anavyonunua sufuria. Kumbe mara nyingi tulichonunua ni ruhusa ya kuitumia. Jimbo la California huko Marekani lina sheria, iliyoanza kazi tarehe 1 Januari 2025, inayowataka wauzaji wa bidhaa za namna hii kumweleza mnunuzi wazi kwamba anapata leseni tu. Maduka nayo hufungwa. Nintendo ilisimamisha mauzo ya mtandaoni ya mashine zake za Wii U na 3DS mwezi wa Machi 2023, ingawa waliokwisha kununua waliachiwa kuendelea kupakua. Mwaka huo huo, mwezi wa Januari, Google ilifunga huduma yake ya gemu iliyoitwa Stadia na kuwarudishia watu fedha za gemu walizonunua. Lakini Ubisoft ilipozima mitambo ya gemu ya magari iitwayo The Crew tarehe 31 Machi 2024, gemu ile haikuchezeka tena, hata kwa mwenye sidi yake mkononi.

Hatusemi haya ili kuwatisha. Tunasema ili mzazi ajue thamani ya anachokilipia, asije akatumia fedha ya mahitaji kwa kitu ambacho kesho huenda kisiwepo. Watoto wetu nao tumewaeleza, na tumeona wanachagua kwa uangalifu zaidi kuliko zamani.

Leo tuna daftari moja dogo kabatini, karibu na vyeti vya kuzaliwa na kadi za kliniki. Ndani yake tumeandika kila duka, jina la akaunti, anwani ya barua pepe, namba ya simu iliyotumika na tarehe ya kununua. Maneno ya siri hatukuyaweka humo, tumeyahifadhi mahali pengine tunapopajua sisi wawili. Mtunzaji wa daftari ni yule kijana. Baba yake ndiye aliyempa kazi hiyo, naye aliipokea bila kusema mengi. Kila ununuzi mpya hutuletea tuone na kuweka sahihi.

Akina mama wenzetu, wote tunamjua yule mwanamke wa Luka sura ya 15 aliyepotewa na shilingi yake. Tumesikia mahubiri yake mara nyingi, lakini mwaka ule tuliona jambo tulilokuwa hatujaliona. Kitu kilipopotea nyumbani mwake, alianza kwa kuwasha taa na kufagia. Hatusomi kwamba aliwapanga wanawe mstari na kuwauliza nani kaiba. Sisi tulianza na tuhuma, taa tukaiwasha baada ya miezi miwili.

Basi kitu cha mtoto kikipotea, kiwe daftari, kiatu au gemu isiyoshikika mkononi, tuwashe taa kwanza. Tuulize maswali ambayo mtoto anaweza kuyajibu. Na kama umekwisha kumtuhumu bure, usione haya kumwomba radhi. Fanya leo, mbele ya wale wale waliosikia tuhuma.